Nyumba ya Nsalaga

Mama Kelvin shosti yangu, za huko Iringa? Nimeona umenipigia mara mbili, sikupokea makusudi, ningelia kwenye simu na wateja wamejaa dukani, nikasema bora nikuandikie.

Unakumbuka tulivyohamia huku Nsalaga, Mbeya, ulikuja na jogoo na mkeka tukala tumekalia ndoo maana makochi hatuna? Siku ile nilikuwa na raha we acha tu. Sasa hii nyumba ndo inatumaliza. Baba Neema kazi yake imehamia kule Songwe karibu na uwanja wa ndege, na unaujua ule upanuzi wa barabara ya njia nne, kilomita 29 kuanzia hapa kwetu Nsalaga mpaka kule Songwe, yaani sisi tunalala mwanzo wake yeye kazi iko mwisho wake, kila siku anaimaliza yote kwenda na kurudi, anabadilisha gari Kabwe, vumbi, malori ya Tunduma yamepanga foleni, na lori likifeli pale mlima Iwambi ndo basi tena.

Anatoka saa kumi na nusu alfajiri na baridi hii ya mwezi wa saba, anarudi saa tatu, saa nne usiku. Juzi nimempashia ugali, nikageuka kuchukua maji, kurudi nakuta amelala ameegemea ukuta, tonge liko mkononi, kiatu kimoja hajavua. Nilikuwa nimejiandaa kumgombeza sababu hakuacha hela ya ada, nikashindwa, nikakaa chini nikamvua kile kiatu.

Siku hizi tunaongea kwa meseji, luku imeisha, Neema anakohoa, basi. Tukionana ni ugomvi. Jumapili iliyopita kanambia mimi ndo nililazimisha tujenge huku. Ni kweli nililazimisha, viwanja vya mjini tungeviweza sisi? Lakini imeniuma sana.

Nimemwambia tupange vyumba viwili Iyunga, kazini pawe karibu kidogo, huku tuweke mpangaji. Hataki hata kusikia, anasema mwanaume gani anajenga halafu anaenda kupanga. Nyumba naipenda mama, kila tofali nalijua, ila sikujenga ili nilale peke yangu.

Wewe shemeji yako anakusikiliza. Mpigie Jumapili mchana, ndo anakuwa ameamka, usimwambie nimekuandikia, muulize tu habari za njia, ataanza mwenyewe.