Mkuki si lazima usimame: tuwafunze waamuzi wa mashindano ya shule

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako niwafikie walimu wenzangu wa michezo, pamoja na wote wanaoandaa riadha za shule kuanzia ngazi ya zoni hadi kaunti. Tunawapokonya watoto wetu ushindi walioutolea jasho, tena kwa kanuni ambayo haipo popote.

Nazungumzia urushaji mkuki. Katika viwanja vingi ambavyo nimepeleka wanafunzi hapa Bonde la Ufa, mwamuzi huangalia jambo moja tu: mkuki umesimama au umelala? Ukisimama, futi kamba inaletwa. Ukilala, bendera nyekundu inainuliwa na mtoto anaambiwa arudi akangoje zamu yake. Kanuni za kimataifa hazisemi hivyo hata kidogo. Zinataka kichwa cha mkuki, ile sehemu ya chuma ya mbele, kiguse ardhi kabla ya sehemu nyingine yoyote. Kikishatangulia kugusa, mkuki uchomeke, uteleze au udunde na kulala, mrusho ni halali alimradi umeangukia ndani ya mistari. Na kipimo huchukuliwa pale kichwa kilipogusa kwanza, si pale mkuki ulipotulia.

Msimu uliopita nilikuwa na msichana wa kidato cha tatu katika mashindano ya zoni. Kulikuwa na kiangazi na uwanja ulikuwa umekauka kama sakafu ya saruji. Nilisimama pembeni, karibu na mahali mikuki ilipokuwa ikiangukia. Mrusho wake wa tatu ulikuwa mzuri kuliko wote wa asubuhi ile. Niliona ncha ikipiga, vumbi likatimka, mkuki ukadunda ukalala. Ardhini ulibaki mchirizi mwembamba wenye kishimo mwanzoni. Hata mtu asiyejua riadha angeonyesha kwa kidole mahali kichwa kilipotua. Mwamuzi, aliyekuwa kule nyuma ya mrushaji, akainua bendera nyekundu. Nilimwendea kwa heshima nikamwomba aje aione alama. Alinijibu kwamba mkuki haukusimama, basi. Wakati tukizungumza, kijana aliyekuwa akiokota mikuki aliupitia mchirizi ule kwa viatu, na ushahidi ukaishia hapo. Msichana hakufuzu. Simlaumu mwamuzi yule peke yake, kwa maana hakuna aliyewahi kumkalisha chini na kumfunza. Lakini kanuni hizo hizo zinaruhusu mrushaji akipinga papo hapo, mrusho upimwe na kuandikwa, uamuzi utolewe baadaye. Laiti tungekuwa tunalifuata hilo moja tu!

Mwenzangu mmoja aliniambia kwamba mkuki uliotengenezwa vizuri lazima uchomeke. Ni kweli kwamba mkuki wa siku hizi umeundwa utangulize kichwa. Mwaka wa 1984, Uwe Hohn wa Ujerumani Mashariki alirusha mita 104.80, na ikaonekana wazi kwamba viwanja vitakuwa vifupi. Tena mikuki ya wakati ule ilikuwa ikielea na kutua bapa, waamuzi wakibishana. Ndipo mwaka wa 1986 kitovu cha uzito cha mkuki wa wanaume kikasogezwa mbele kwa sentimita 4, ili uiname mapema. Wa wanawake ulifuata mwaka wa 1999. Lakini hakuna fundi anayeweza kuunda mkuki wa kuchoma murami iliyokauka tangu Desemba. Kanuni inalijua hilo, ndiyo maana haidai uchomeke.

Kuna na suala la mistari. Mara nyingi huwa hatuchori eneo la kuangukia, na watu hukatiza uwanja wakifuata miwa na soda huku mikuki iko hewani. Mkuki wa wanaume una uzito wa gramu 800 na urefu usiopungua mita 2.6, sihitaji kueleza unachoweza kumfanya mtoto. Mwaka wa 1956, Mhispania Félix Erausquin alipoanza kurusha mkuki kwa kuzunguka kama anayerusha kisahani, mtindo huo ulipigwa marufuku kwa ajili ya usalama, na hadi leo mrushaji haruhusiwi kugeuka mpaka mgongo wake uelekee eneo la kurushia kabla ya kuachilia. Wenzetu walikuwa makini kiasi hicho, nasi chokaa inatushinda? Kazi yenyewe ni rahisi. Simama katikati ya njia ya kukimbilia, mita 8 nyuma ya katikati ya ule mstari uliopinda ulio mwisho wa njia hiyo, na hapo ndipo kitovu. Kutoka kitovuni, pima mita 40 kila upande hadi pointi mbili zilizoachana mita 20. Vuta kamba, mwaga chokaa. Walimu wawili wanamaliza kabla ya chai ya saa nne.

Julius Yego alizaliwa Nandi, akajifunza mengi kwa kutazama video kwenye YouTube, na mwaka wa 2015 kule Beijing akawa bingwa wa dunia kwa mita 92.72. Mwaka uliofuata alileta fedha ya Olimpiki kutoka Rio. Naamini wapo wengine kama yeye katika shule zetu za kutwa, wavulana kwa wasichana, na nasikitika nikifikiri ni wangapi tumewarudisha nyumbani kwa bendera isiyostahili.

Ombi langu kwa waandaaji ni hili: kabla ya msimu ujao, kila zoni itenge asubuhi moja ya kuwafunza waamuzi wa mkuki, tufe na kisahani. Na siku ya mashindano, mwamuzi mmoja wa mkuki awekwe pembeni ya eneo la kuangukia, aione ncha ikigusa. Nipo tayari kufika zoni yoyote ya Trans Nzoia Jumamosi, bila malipo, nikiwa na futi kamba yangu na mkuki wa gramu 600.

Mwalimu wa michezo,
Kitale