Barua kuhusu neno mzizi

Tanga

Rafiki yangu mpendwa,

Natumaini barua hii itakukuta u mzima wa afya, wewe na wote nyumbani. Sisi huku hatujambo, mvua zimekatika na barabara ya shuleni inapitika tena.

Rasimu ya faharasa yako nimeisoma yote, ukurasa kwa ukurasa. Kuwakusanyia wanafunzi wa darasa la tano hadi la saba istilahi za Sayansi, Hisabati na Kiswahili katika daftari moja ni kazi niliyotamani mtu aifanye tangu tulipokuwa pamoja chuoni, na maneno mengi uliyoyaeleza sina la kuyaongezea. Lakini kwenye neno mzizi uliacha nafasi wazi, ukaniomba nikutafutie fasili moja fupi itakayotosha masomo yote matatu, na wewe mwenyewe ukapendekeza hii: mzizi ni sehemu ya chini, iliyojificha, ambayo kitu huanzia na kupata nguvu. Nimekaa nayo siku nne. Inapendeza masikioni, nami nakuomba usiitumie.

Nianze shambani, kwa kuwa ndiko wengine wote walikolikopa neno hili. Sokoni, mhogo, kiazi kitamu, kiazi mbatata na tangawizi hupangwa jirani kwa sababu vyote vimechimbwa, na mama muuzaji ana haki ya kuvipanga hivyo. Mwanabotania huvitenganisha. Kwake mhogo na kiazi kitamu ni mizizi iliyonenepa kwa kuhifadhi wanga, ilhali kiazi mbatata na tangawizi ni mashina, hata kama yamekulia udongoni. Ushahidi wake unaonekana kwa macho. Yale tunayoyaita macho ya kiazi mbatata ni vichipukizi vilivyokaa kwenye vifundo, kama vifundo vya shina lolote, na tangawizi ukiitazama vizuri ina pingili zilizozungukwa na vijani vikavu vidogo. Mzizi hauna vifundo wala majani, na ncha yake imefunikwa kofia ndogo ya seli inayoilinda inapopenya udongo. Ndiyo maana mkulima wa Muheza hapandi mhogo wenyewe, bali hupanda vipande vya mti wake, lakini kiazi mbatata hukatwa, kila kipande na jicho lake, kikafukiwa na kikaota. Kiazi kitamu kinaweza kuchipua, na hapo wanafunzi wako watakubana. Waambie kwamba machipukizi yake hujitokea popote, hayafuati vifundo vilivyopangwa.

Kwa hiyo si kila kilicho chini ni mzizi. Wala si kila mzizi uko chini. Ukija huku wakati maji yamekupwa, nitakupeleka kwenye mikoko uuone mchu: mizizi yake huchomoza kutoka matopeni kuelekea juu, mamia kwa mamia, myembamba kama penseli, ikivuta hewa, kwa sababu tope la mikoko lina oksijeni kidogo mno. Na lile neno lako nguvu linahitaji uangalifu zaidi. Mzizi huupa mmea maji na madini, hilo ni kweli, lakini sukari hutengenezwa majanini na kuteremshwa chini; wanga wote unaoukuta katika mhogo ulitoka juu. Mtoto akikariri kwamba mmea hupata nguvu mzizini, atakuja kuteseka atakapofika kwenye usanisinuru, yaani jinsi majani yanavyotengeneza chakula kwa mwanga wa jua.

Sasa nihamie kwangu, maana najua ulitarajia niandike zaidi hapa. Kwetu sisi wa sarufi mzizi aghalabu hukaa katikati ya neno, umebanwa na viambishi pande zote mbili. Chukua neno hatukupigiana. Tunavua ha-, tu- na ku- kwa mbele, kisha -i-, -an- na -a kwa nyuma, na kinachobaki ni -pig-. Hatuutambui kwa mahali ulipo. Tunautambua kwa kuvua: ni kile kisichoweza kukatwa tena bila neno kupoteza uhusiano wake na ndugu zake, yaani pigo, mpigaji, kipigo, pigana, pigisha. Nasema ndugu zake, sisemi maana yake, kwa sababu twapiga simu, twapiga pasi, twapiga magoti na twapiga mbizi, na anayedhani mzizi ni chombo kilichobeba maana moja safi ataona -pig- ikimponyoka kila mara.

Wanafunzi wangu wa kidato cha pili hukosea sana kwenye kitenzi kula. Wengi huandika kwamba mzizi wake ni -kul-, nami siwalaumu, kwa sababu wanasikia anakula, alikula, atakula, na hiyo ku haibanduki. Lakini wakipewa hali nyama, asile, mlo na ulaji, ku inatoweka na kinachobaki ni konsonanti moja tu, -l-. Ile ku imewekwa kwa ajili ya matamshi: Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, viambishi kama -na-, -li- na -ta- havibebi mkazo, basi kitenzi chenye silabi moja huazima ku ili mkazo upate pa kukaa. Nimekuwa nikilifundisha jambo hili kwa miaka mingi na bado hunifurahisha kuona uso wa mwanafunzi anapogundua kwamba mzizi unaweza kuwa kitu ambacho hata hakitamkiki peke yake.

Na hata ndani ya isimu mzizi si mmoja. Mimi ninayechambua Kiswahili cha leo nitakuambia kwamba katika mtu, watu, kitu na utu mzizi ni -tu. Mwenzangu anayechunguza historia ya lugha ataniambia kuwa mzizi ni -ntu, na ataweka kinyota mbele yake kuonyesha kwamba umbo hilo halikuandikwa popote na yeyote, bali limekisiwa kwa kulinganisha lugha. Atanionyesha omuntu wa Kiganda, umuntu wa Kizulu na munhu wa Kishona, kisha atanieleza jinsi Kiswahili kilivyoiangusha n iliyotangulia t. Ni kutokana na neno hilohilo ndipo mwanaisimu Mjerumani Wilhelm Bleek alipoipa familia yetu ya lugha jina la Bantu katika karne ya 19. Sote wawili tunasema mzizi na sote tuko sahihi, lakini mimi nazungumzia mabaki ya uchambuzi, naye anazungumzia babu wa neno. Wanafunzi wa vyuo vikuu huvichanganya viwili hivi katika tasnifu zao, na msomaji hubaki hajui kama anaelezwa lugha ilivyo au ilivyokuwa.

Nenda mbele kidogo ufike kwenye Kiarabu, na mzizi unabadilika umbo kabisa. Huko ni konsonanti, mara nyingi tatu, zilizotengana, na irabu hupita katikati yake kama uzi wa mfumaji. Kutoka k-t-b sisi tumepokea kitabu, katibu, katiba, maktaba na mkataba, na mtoto anayeambiwa hivyo kwa mara ya kwanza huona kwamba maneno aliyodhani hayajuani yalizaliwa nyumba moja. Wanasarufi wa Kiarabu wa zamani waliziita konsonanti hizo kwa neno lililotuletea asili. Khalil bin Ahmad, aliyeishi Basra katika karne ya 8 na ambaye washairi wetu wanamkumbuka kwa elimu ya arudhi, yaani kanuni za vipimo vya mashairi, alipanga kamusi yake kwa kufuata mizizi ya namna hiyo. Lakini Kiswahili kilipokipokea kitabu, hakikuuheshimu mzizi huo hata kidogo. Kiliiona ki- ya mwanzo, kikaifanya kiambishi cha ngeli, kikasema vitabu, na k ya Waarabu ikawa imepotea katika wingi. Kwa Mwarabu k ile ni theluthi ya mzizi. Kwetu ni nguo ya kuvuliwa.

Ukinikubalia hadi hapo, hisabati itakuwa rahisi, tena hapa ndipo nilipojifunza jambo ambalo sikulijua. Neno mzizi liliingia katika aljebra kupitia Kiarabu. Muhammad bin Musa al-Khwarizmi, aliyeandika Baghdad karibu mwaka 820, aliiita namba isiyojulikana jidhr, yaani mzizi, na namba hiyo ikizidishwa kwa yenyewe aliiita mal, ambalo ndilo neno letu mali. Swali lake mashuhuri linasomeka hivi: mali moja na mizizi 10 ni sawa na dirhamu 39. Njia yake ni kuchukua nusu ya mizizi, ambayo ni 5, kuizidisha kwa yenyewe upate 25, kuongeza 39 upate 64, kutafuta namba ambayo ikizidishwa kwa yenyewe hutoa 64, nayo ni 8, kisha kutoa ile 5. Mzizi ni 3. Jaribu: mali ni 9, mizizi kumi ni 30, jumla 39. Soma maneno hayo kwa sauti darasani, rafiki yangu. Hakuna hata neno moja ndani yake litakalomtisha mtoto wa darasa la saba, na taswira yake inaeleweka: mzizi ni mtaji unaozaa mali.

Kutoka Kiarabu wafasiri wa karne ya 12 waliligeuza neno hilo kuwa radix katika Kilatini, na lugha za Ulaya zikafuata. Ile alama tunayoichora, √, ilionekana katika kitabu cha Christoph Rudolff kilichochapwa mwaka 1525. Sisi katika shule za msingi tunasema kipeuo cha pili cha 64 ni 8, na nakiri kwamba zamani nililiona neno kipeuo kuwa gumu bila sababu, hasa kwa kuwa linakaribiana mno na kipeo, ambalo ni kinyume chake. Sasa naona walioliteua walitupa faida. Kipeuo ni jina la tendo linalofanyiwa namba. Mzizi unabaki huru kutaja namba inayoutimiza mlinganyo. Swali la al-Khwarizmi, tukiliandika kwa alama za leo, lina mizizi miwili, 3 na -13, ingawa yeye hakuitambua ile hasi. Na hapa maneno yako, ambayo kitu huanzia, yanapinduka kabisa: mzizi wa mlinganyo ndio unaotafutwa, na huonekana mwisho wa kazi.

Kompyuta sitazikalia. Nitaje tu kwamba wataalamu wake huchora mti wa mafaili ukiwa umepinduliwa, mzizi juu na matawi yakishuka, na hakuna anayeona ajabu.

Nadhani sasa unaona kwa nini siku nne hazikutosha kupata fasili moja. Mzizi wa kweli wa mti una sifa nyingi kwa pamoja: unashika, unanyonya, unatangulia kutoka mbeguni, unabaki mti ukikatwa, unaweza kuzaa machipukizi, unagawanyika matawi. Kila elimu ilikuja na kisu chake ikakata sifa moja. Mwanasarufi alichukua kubaki. Mwanahistoria wa lugha alichukua kutangulia. Mwanahisabati wa Baghdad alichukua kuzaa, na mtu wa kompyuta kugawanyika. Fasili inayojaribu kuzibeba zote humdanganya mtoto katika kila somo, na humdanganya zaidi kwa sababu kila mara ina punje ya ukweli.

Ushauri wangu ni kwamba uliingize neno hili mara tatu, kila mara ukitanguliza jina la somo. Katika Sayansi andika: kiungo cha mmea kisicho na vifundo wala majani, ambacho hushikilia mmea na kunyonya maji na madini. Katika Kiswahili andika: sehemu ya neno inayobaki baada ya kuondoa viambishi vyote. Katika Hisabati andika: namba inayofanya mlinganyo uwe kweli, kisha waelekeze kwenye kipeuo, usivichanganye. Chini ya fasili hizo weka zoezi moja: kiazi mbatata mezani, neno wanakula ubaoni, na swali la mali na mizizi 10 daftarini. Waulize mzizi uko wapi katika kila kimoja. Katika kile cha kwanza jibu ni kwamba haupo, na ndiyo sababu nakitaka kitangulie.

Jambo jingine dogo. Umeandika shina kuwa ni sehemu ya mmea iliyo juu ya ardhi. Baada ya haya yote ya tangawizi utalirekebisha mwenyewe, lakini usisahau mgomba, ambao kile tunachokiita shina lake ni makumbi ya majani yaliyokumbatiana, na shina halisi limo ardhini. Tena watoto wa mtaani kwako wanamjua balozi wa shina kabla ya kulijua shina la mti, kwa hiyo nalo litahitaji zaidi ya mstari mmoja.

Nitumie kurasa za herufi M na SH ukishaziandika upya, hata kama hazijakamilika. Nitazisoma kabla shule hazijafungwa. Wasalimie watoto wote, na mama mpe shikamoo yangu.

Ni mimi rafiki yako,
mwalimu wa Kiswahili