Mheshimiwa, bonde la Jomvu si ardhi tupu

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Kilimo, Kaunti ya Mombasa.

Salamu nyingi, na baada ya salamu.

Nakuandikia kwa ajili ya bonde letu la Jomvu, pale nchi kavu inapotoa ulimi ndani ya mkono wa bahari wa Tudor. Masika yaliyopita malori yalimwaga kifusi kwenye mdomo wa mfereji ulio nyuma ya mikoko. Nilipouliza, nikajibiwa kuwa hapo ni ardhi tupu.

Si tupu, Mheshimiwa. Mamangu analima hapo mihogo, bamia na mchicha tangu sijazaliwa, na minazi aliikuta. Bamvua ikija, yaani maji makubwa ya mwezi mchanga na mwezi mpevu, bahari hupanda zaidi ya mita 3, na maji ya chumvi hupenya mikoko mpaka kando ya shamba. Maji yakipwa, hurudi kwa mfereji ule ule, na mvua ya masika huosha chumvi iliyobaki. Ndivyo bonde linavyoishi. Sasa mfereji umeziba, na maji yakishaingia hayana pa kutokea. Jua huyakausha hapo hapo. Juzi mama aliokota bonge la udongo akalivunja, ndani mweupe kama unga. Akaugusa kwa ulimi, akatema, akaenda kung'oa mihogo iliyokuwa bado saizi ya vidole.

Mikoko ni msitu wa serikali tangu 1932, na anayeikata bila kibali hushtakiwa. Jambo zuri. Lakini shamba lililo nyuma yake halina msemaji, na hali vyote viwili vinanywa maji ya mfereji mmoja.

Na wanaokuja kupanda miti, tafadhali wawaulize kwanza wavuvi. Miti ya mikoko ni ya aina nyingi. Wao wanachomeka ule uitwao mkoko wenyewe mbele kabisa, upande wa bahari, mawimbi yanaung'oa. Mbele ni pa aina iitwayo mlilana. Mkoko hufuata, kisha mkandaa, na mchu huku juu karibu na nchi kavu.

Ninaomba kifusi kiondolewe kabla ya vuli, na mabonde haya yaandikwe kwenye ramani za kaunti kuwa ni mashamba. Mtume afisa wa kilimo, lakini aje siku za bamvua. Akija siku za maji mafu, bahari inapopanda kidogo tu, hataona kitu. Mamangu yuko pale kila asubuhi, atamwonyesha mfereji ulikokuwa ukipita.

Wako,
Mwana wa mkulima, Jomvu Kuu