Barua kwa Mwanangu: Uji wa Baba Yako

Mwanangu mpenzi,

Salaam kutoka Morogoro. Mimi ni mzima, goti tu ndilo linanisumbua mvua zikikaribia. Hofu yangu ni juu yako na kaka yako. Tangu arobaini ya baba yenu hamjasalimiana, na kila mmoja akinipigia simu neno la kwanza ni hilohilo: "Mama, wewe ulikuwepo, sema ukweli."

Wewe unasema jioni ile ya mwisho wodini ulimnywesha baba uji, akakushika mkono, akakwambia umtunze mama. Kaka yako anaapa kuwa aliyemnywesha ni yeye, na baba hakutamka neno. Mkaitana waongo mbele ya wajomba na mashangazi. Neno hilo liliniuma sana, mwanangu, kwa sababu nami niliwahi kulitamka.

Nilimtamkia mama yako mkubwa. Unakumbuka nilivyokuwa nikiwasimulia siku aliyofariki Mwalimu Nyerere, 14 Oktoba 1999. Nilikuwa barazani, ungo mapajani, nachambua maharage. Ndani babu yenu alikuwa na redio yake, Rais Mkapa akatangaza kwamba Mwalimu amefia hospitalini London. Babu akatoka, akavua kofia, akasimama chini ya mwembe bila kusema kitu. Hata leo nalisikia vumbi la yale maharage puani. Lakini mama yako mkubwa kila nikifika hapo alinikatiza: baba hakuwepo siku hiyo, alikuwa Kilosa shambani, na sisi wawili habari tuliipatia bombani, kwenye foleni ya maji. Tulibishana miaka. Siku moja nikamwambia mbele ya wanawe kwamba anasema uongo. Hakukanyaga kwangu mwaka mzima.

Nilipostaafu nilipanga upya makabati, nikalikuta kaunta buku la maandalio ya masomo la mwaka ule. Ukurasa wa tarehe 14 una doa la chai pembeni. Alhamisi. Darasa la Nne B, Hisabati, kugawanya. Chini yake, kwa kalamu nyekundu, mwandiko wangu mwenyewe: "Kipindi hakikukamilika. Tumeitwa ofisini. Mwalimu amefariki. Watoto wameruhusiwa."

Nilikuwa shuleni! Nikakaa kitandani na lile buku hadi giza likaingia. Maneno ni yangu, mwandiko ni wangu, na bado nikifumba macho naona maharage. Ofisi siioni kabisa.

Nikampelekea mama yako mkubwa. Akasoma mara mbili, akanyamaza, kisha akaniuliza taratibu, "Sasa mimi pale bombani nilikuwa na nani?"

Baadaye nilisoma habari za Ulric Neisser, mtaalamu wa saikolojia wa Chuo Kikuu cha Emory, Marekani. Chombo cha anga Challenger kilipolipuka Januari 1986, kesho yake asubuhi aliwapa wanafunzi karatasi waandike waliipataje habari ile. Zaidi ya miaka miwili baadaye yeye na mwenzake Nicole Harsch wakawauliza tena 44 kati yao. Wengi walisimulia tofauti na walivyoandika mwanzo, na kwa uhakika mkubwa. Hata walipoonyeshwa karatasi zao wenyewe, kumbukumbu ya kwanza haikurudi. Nilisoma nikajiona.

Huko chuo cha ualimu tulifundishwa kuhusu Bartlett, mtaalamu wa saikolojia wa Cambridge, Uingereza, ambaye mwaka 1932 aliandika jinsi watu walivyosimulia upya hadithi ngeni kwao: mitumbwi ikageuka mashua, na yasiyoeleweka yakaachwa njiani. Nilijibu mtihani nikafaulu, sikujua kwamba nimesoma habari zangu. Mtu akikumbuka anasuka mkeka upya, na akikosa ukindu wa zamani anachomeka ule ulio mkononi. Wangu nimeshaujua. Siku hizi 14 Oktoba ni sikukuu. Miaka mingi nimeikuta nyumbani, ungo mapajani, redio ikitoa hotuba za Mwalimu. Kofia ya babu sijui nimeichukua katika msiba gani.

Wapo watu ng'ambo wanaoapa kwamba Mandela alifia gerezani miaka ya 1980, hata jambo lenyewe likaitwa athari ya Mandela. Sisi tulimpokea Dar es Salaam Machi 1990, wiki chache baada ya kuachiwa, na amefariki Desemba 2013. Kuna wanaosema basi dunia hupasuka ikawa mbili, kila mtu akabaki na yake. Mimi siamini hivyo. Lakini watu wale si waongo. Mwongo anaujua ukweli anaouficha.

Sasa mnataka niamue juu ya uji. Mwanangu, mimi ninao wa tatu. Nakumbuka kikombe cha plastiki cha kijani, mpini umevunjika. Nakumbuka nimetoka nacho wodini kimejaa, uji wa ulezi umefanya utando juu, nikaumwaga kwenye sinki la koridoni huku nikilia. Kwangu mimi jioni ile hakuna aliyemnywesha. Lakini kama nimekosea maharage, niuaminije utando wa uji?

Baba yenu aliwapenda nyote wawili. Hilo sina haja ya kulitafuta kwenye kabati.

Nimenunua kaunta buku jipya. Naomba uandike yako yote: nani alikuwa mlangoni, umevaa nini, mkono upi alikushika. Andika kabla hujaongea tena na mimi wala na kaka yako, ukija Pasaka uje nayo. Yangu nimeshaiandika, imechukua kurasa tatu. Kaka yako alileta yake Jumapili baada ya ibada, kwenye bahasha aliyoigundisha mwenyewe. Nimeiweka juu ya kabati, pembeni ya redio ya babu. Sijaifungua.

Mama yako akupendaye