Barua kwa mwanangu: chatne ya embe

Mwanangu mpenzi,

Salamu nyingi. Umeuliza kama chatne ya embe inaweza kupikwa kwa nusu ya sukari na siki kidogo tu. Ya kula wiki hii, pika upendavyo na uiweke kwenye friji. Ya kukaa kabatini, usiguse vipimo. Viungo ni vya harufu na ladha. Kinachozuia chatne isioze ni siki, sukari na maji kukauka.

Msimu ndio huu wa Desemba. Chagua maembe yaliyokomaa lakini bado magumu, nyama imeanza njano karibu na kokwa. Yakiiva sana unapata jemu. Yakiwa machanga mno hayana harufu. Yenye nyuzi nyingi yaache.

Kwa kilo 1 ya nyama iliyokatwa vipande vidogo, weka siki mililita 300 yenye asidi ya asilimia 5, sukari gramu 500 (nusu yake ikiwa sukari guru, rangi hupendeza), kitunguu maji kikubwa kimoja, tangawizi gramu 50 na punje 6 za kitunguu saumu vilivyotwangwa, zabibu kavu gramu 100 na chumvi vijiko 2 vya chai. Binzari nyembamba na giligilani, kijiko kimoja kimoja cha chai, zikaange kavu mpaka zinukie, kisha uziparaze tu. Ongeza iliki 6, kijiti cha mdalasini, pilipili kavu 2 na karafuu 4. Karafuu usizidishe hata moja, maana chatne ikikaa hupanda na kuliua embe.

Tumia sufuria ya stili. Siki huila alumini, na chatne hubaki na ladha ya chuma.

Sasa shika mpangilio huu, ndipo wengi wanapoharibu. Embe, kitunguu na siki vitangulie peke yao, moto mdogo, dakika 15 hadi 20, mpaka kipande kibonyee kwa mwiko. Hapo ndipo sukari na vingine vyote viingie. Sukari ikiwahi, vipande hukakamaa na havilainiki tena hata uvichemshe mchana kutwa. Baada ya hapo ni kama dakika 45, ukikoroga hadi chini. Robo saa ya mwisho usibanduke jikoni. Ikishika chini usikwangue, hamishia sufuria nyingine ile ya juu.

Pitisha mwiko katikati: njia ikibaki wazi ukahesabu moja hadi tatu kabla rojo halijarudi, epua. Itaonekana nyepesi kidogo. Iache hivyo hivyo, ikipoa itakaza.

Chupa za kioo zichemshe dakika 10, uzijaze zingali moto na chatne ikiwa moto, ukiacha sentimita 1 juu. Vifuniko viwe na plastiki ndani, la sivyo siki itavitoboa kwa kutu.

Usiihukumu siku ya kwanza, siki bado inachoma pua. Ipe wiki tatu au nne, ndipo uile na biriani au sambusa. Ukishafungua, weka kwenye friji na uchote kwa kijiko kikavu. Ukiona ukungu au povu, mwaga chupa nzima, usiondoe ya juu ukala ya chini.

Kabla hujawasha jiko, niandikie siki uliyopata huko lebo yake inasema asilimia ngapi.

Mama yako