Omar Sy hajaanzia Netflix jamani

Mhariri, salamu.

Makala yenu ya Omar Sy, yule muigizaji wa Ufaransa, nimeisoma yote na picha mmechagua vizuri, ila pale mlipoandika kwamba jamaa katokea kusikojulikana akapewa Lupin, ile tamthilia ya Netflix ya mwizi mjanja, mwaka 2021 ndo mmeharibu. Kusikojulikana wapi? Huyo 2021 alikuwa kwenye fani zaidi ya miaka 20, Ufaransa huko mpaka mabibi wanamjua.

Kazaliwa 1978, kwao Trappes, kamji ka pembeni ya Paris, baba Msenegali mama Mmauritania, na hapo hapo Trappes ndo kakulia mchekeshaji Jamel Debbouze pamoja na yule Anelka aliyechezea Arsenal. Alianzia redioni, Radio Nova, huko akakutana na mchekeshaji mwenzake Fred Testot na hao wawili kwenye tivii ya Canal+ kuanzia 2005 wakawa na kipande chao cha dakika chache tu, wamekaa mezani wanapokea simu za watu wanaolalamikia vipindi vya tivii, na wanaopiga ni wao wenyewe wamevaa mawigi wamebadilisha sauti. Stori ya maana hamna, ni sura na mdomo tu, na wamekomaa nacho mpaka 2012. Sasa ule ujanja wa kwenye Lupin, mara mfanya usafi wa makumbusho ya Louvre mara tajiri kwenye mnada, mnadhani kajifunzia wapi?

Halafu filamu yake ya Intouchables ya 2011 mmeipa nusu sentensi! Tiketi zaidi ya milioni 19 Ufaransa peke yake, na Februari 2012 akachukua César, tuzo kubwa ya filamu ya Ufaransa, ya muigizaji bora wa kiume, mtu mweusi wa kwanza kuipata, kambwaga Jean Dujardin wa The Artist ambaye siku mbili baadae akaenda kubeba Oscar Marekani. Yani bingwa wa Oscar kwao kapigwa na huyu "wa kusikojulikana", hiyo ilitosha kuwa kichwa cha habari.

Hollywood mmeisifia mno, mi sioni cha kusifia. X-Men ya 2014 ukipiga chafya umempita, Jurassic World kaishia kuwa rafiki wa stelingi. Mishahara sijui, labda ilikuwa mizuri.

Ile ya bango nimeipenda, hapo nawapongeza. Lupin inatoka kavaa nguo za kazi na barakoa kaingia metro ya Paris kubandika bango lenye sura yake mwenyewe, gundi mkononi, watu wanapita hawana habari. Ndo tamthilia nzima hiyo, mtu mweusi aliyeshika kifaa cha kazi hakuna anayemwangalia usoni.

Ila filamu yake ya Tirailleurs ya 2022 hamjaigusa kabisa na hiyo ndo imenifanya niandike. Baba wa Kisenegali anajiunga na jeshi la Wafaransa vita ya kwanza ya dunia ili awe karibu na mwanae aliyekamatwa kwa nguvu, na Omar humo anaongea Kifulani, lugha ya nyumbani kwao, na ni mmoja wa maprodyuza pia. Babu zetu walibebeshwa mizigo ya vita hiyo hiyo huku kwetu, wengi hawakurudi, hivyo wasomaji wenu wangeielewa bila kuelezwa sana. Mkiandika tena anzeni na hiyo, Netflix ikae aya ya mwisho.

Msomaji wenu,
Tanga