Makala yenu ya New Zealand imewaacha Wamaori nje

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kwenye ukurasa wa barua nami nitoe la moyoni. Juzi mlitoa makala ndefu kuhusu New Zealand ya miaka ya 80, jinsi serikali ya David Lange na waziri wake wa fedha Roger Douglas ilivyogeuza uchumi wa nchi ile ndani ya miaka michache, na mwandishi akamalizia kwa kusema hiyo ndo njia ya kuiga. Nimeisoma mara mbili. Ukiacha kosa moja nitakalolitaja mwishoni, sijaona uongo ndani yake, ila kuna pengo, na pengo lenyewe ni watu. Wamaori, wenyeji wa asili wa nchi ile, hawajatajwa hata kwa bahati mbaya, yaani makala nzima inahusu nchi kuuza mali za umma na waliokuwa wanadai ardhi ile tangu enzi za babu zao hawamo!

Mimi nchi hii nilianza kuifuatilia nikiwa mtoto, kwa ajili ya Filbert Bayi. Wa umri wangu mnakumbuka, Februari 1974 kule Christchurch, Bayi alivunja rekodi ya dunia ya mita 1500 na aliyemfuata nyuma ni John Walker wa kwao. Tukasubiri warudiane Montreal mwaka 1976, haikuwa, kwa sababu timu ya raga ya New Zealand ilikwenda kucheza kwa makaburu Afrika Kusini, na nchi za Afrika zaidi ya 20, Tanzania ikiwemo, zikasusia Olimpiki. Walker akachukua dhahabu yake bila Bayi. Nyumbani tulisikiliza kwenye redio ya mzee na mimi nikabaki najiuliza hawa ni watu wa namna gani wanaocheza na makaburu.

Jibu nimelipata ukubwani, kwamba hawakuwa kitu kimoja. Mwaka 1981 makaburu wenyewe walialikwa New Zealand, wakazunguka siku 56, na nchi ikapasuka katikati, zaidi ya watu 150,000 waliingia barabarani kuandamana. Pale Hamilton, Julai 25, waandamanaji walibomoa uzio wakaingia katikati ya uwanja wakashikana mikono na mechi ikafutwa, mashabiki wanawarushia chupa. Wengi wao walikuwa wazungu, Pakeha kama wanavyoitwa kule. Na hapo ndipo Wamaori wakawageukia wenzao wakawauliza, nyie mnapigwa virungu kwa ajili ya weusi wa Afrika Kusini, sawa, na sisi je, ardhi yetu hapa hapa mnaisemeaje? Ukiniuliza mimi miaka ya 80 ya New Zealand inaanzia kwenye swali hilo, sio kwenye bajeti ya Douglas.

Maana swali lilikuwa na mizizi mirefu. Februari 6, 1840 machifu walitia saini mkataba wa Waitangi na Waingereza. Mkataba mmoja, lugha mbili, na maana mbili. Wa Kiingereza unasema machifu wametoa mamlaka yote kwa Malkia. Wa Kimaori, ambao ndio waliosaini karibu wote kati ya machifu zaidi ya 500, unasema wametoa kawanatanga, neno lililoundwa na wamisionari kutokana na "gavana", ila wamebaki na tino rangatiratanga, yaani uchifu wao kamili juu ya ardhi, vijiji na tunu zao zote. Sasa mtu akikuomba akae sebuleni ukamkubalia, kisha anatoa karatasi ya lugha nyingine inasema umempa nyumba, utafanyaje? Wao walidai miaka 140 na zaidi, kwa barua, kwa kesi, kwa miguu. Mwaka 1975 bibi wa miaka 79, Whina Cooper, aliongoza matembezi kutoka kaskazini kabisa mwa kisiwa mpaka bungeni Wellington, karibu kilomita 1000, kauli yao ikiwa hakuna ekari moja zaidi ya ardhi ya Wamaori kuchukuliwa.

Niwasogeze karibu na sehemu moja tu, kilima cha Takaparawhau pale Auckland, Wazungu wanakiita Bastion Point. Kinaangalia bahari, mandhari yake ukiona picha tu utajua kwanini kila mtu alikitaka. Kilikuwa cha watu wa Ngati Whatua, kikachukuliwa kipande kipande kwa sheria hii na ile mpaka wakabaki na kijiji chao chini ufukweni, na hicho nacho mwaka 1952, jiji likijiandaa kwa ziara ya Malkia, kikavunjwa na kuchomwa moto, wenyewe wakahamishiwa nyumba za serikali za kupanga. Halafu serikali ikatangaza kwamba kile kilima kilichobaki kitajengwa nyumba za kifahari. Januari 5, 1977 Joe Hawke na wenzake wakapanda wakapiga mahema. Walikaa kipupwe chote kwenye upepo ule wa bahari, wakajenga nyumba ya mikutano, wakalima bustani za mboga. Hema moja likashika moto na mtoto wa kike wa miaka mitano akafa. Hawakuondoka. Siku ya 506, Mei 25, 1978, wakaja mamia ya polisi wakisaidiwa na jeshi, watu 222 wakakamatwa huku wanaimba, na vibanda vyote vikasawazishwa siku hiyo hiyo.

Haya sasa njoo mwaka 1984. Hapa makala yenu iko vizuri nami sitaki kubishana bure. Waziri mkuu Robert Muldoon alikuwa ameibana nchi, mishahara na bei zimefungwa kwa amri, madeni yamepanda, akaitisha uchaguzi wa ghafla Julai 14 akaangushwa, na wapya walipoingia fedha za kigeni zilikuwa zinaishia. Dola ikashushwa thamani asilimia 20, Machi 1985 ikaachwa ipangiwe bei na soko, wakulima wakaondolewa ruzuku, Oktoba 1986 ikaja kodi ya asilimia 10 kwenye karibu kila kitu kinachouzwa, na kodi ya mapato ya watu wa juu ikashuka kutoka asilimia 66 hadi 33. Aprili 1, 1987 idara za serikali kama misitu, posta, umeme na makaa ya mawe zikageuzwa mashirika ya kutafuta faida. Na tusisahau nchi hiyo hiyo ndo ilizikataa meli za nyuklia, majasusi wa Ufaransa wakailipua Rainbow Warrior, meli ya wanaharakati wa Greenpeace, bandarini Auckland Julai 1985 mtu mmoja akafa na bado hawakurudi nyuma, na mwaka uliofuata bunge likafuta adhabu ya jela kwa mahusiano ya wanaume kwa wanaume, kura 49 kwa 44, baada ya nchi kuvutana zaidi ya mwaka mzima. Ilikuwa miaka ya kila kitu kuguswa kwa pamoja.

Lakini mageuzi yana anwani yanapofikia. Baada ya vita vya pili vya dunia Wamaori waliitwa watoke vijijini waje kwenye kazi, na kazi zenyewe ndo hizo hizo, misitu, reli, viwanda, kazi za serikali. Ilipovunjwa idara ya misitu mwaka 1987, kijiji kama Minginui kilichojengwa kwa ajili ya kazi ya msituni tu kilibaki na nyumba na watu bila mshahara. Februari 1988 ofisi za posta 432 zilifungwa kwa siku moja, na tunajua sote posta ya kijiji ni nini, ni benki ya bibi, ni mahali pa kulipwa pensheni. Kufikia mwanzoni mwa miaka ya 90 karibu robo ya nguvukazi ya Wamaori haikuwa na ajira. Lange mwenyewe alishtuka, mwaka 1988 akasema sasa tupumzike kidogo tunywe chai, Douglas hakutaka kupumzika, wakavunjika, na Agosti 1989 Lange akajiuzulu. Hilo nalo mwandishi wenu angelitaja jamani.

Na sasa lile kubwa. Hayo mashirika mapya yalikuwa yapewe ardhi ya serikali, eneo kubwa mno, na shirika likishakuwa na hati linaweza kuuza kwa yeyote. Huku mwaka 1985 serikali hiyo hiyo ya Lange ilikuwa imeliruhusu Baraza la Waitangi, chombo cha kuchunguza madai ya Wamaori chini ya ule mkataba, kusikiliza madai ya tangu 1840. Unaona tatizo? Mkono mmoja unasema leteni madai, mkono wa pili unagawa ardhi inayodaiwa, ikishaingia kwa mtu binafsi Baraza litarudisha nini? Baraza jingine, Baraza la Wamaori lenyewe chini ya Graham Latimer, likaenda mahakamani. Walikuwa na silaha moja, kifungu cha 9 cha sheria ile ile iliyounda mashirika hayo, kinachosema hakuna kitu ndani yake kinachoiruhusu serikali kwenda kinyume na misingi ya mkataba wa Waitangi. Juni 1987 majaji watano wa Mahakama ya Rufani, wakiongozwa na Robin Cooke, wote watano kwa kauli moja, wakasema mkataba ule ni kama ubia na kila upande unatakiwa kumtendea mwenzake kwa nia njema, kwa hiyo serikali isihamishe ardhi mpaka kuwe na utaratibu wa kulinda madai. Utaratibu ukatungwa, hati za ardhi zikaandikwa alama kwamba hii inaweza kurudishwa hata kama imeshauzwa.

Kwenye lugha nako ilikuwa hivyo hivyo. Mwaka 1984 mwanamke mmoja wa kwenye simu za masafa marefu pale Auckland, Naida Glavish, alikuwa akipokea simu anasema "kia ora", salamu ya kwao. Akaambiwa aache, asalimie kwa Kiingereza. Akakataa, akaondolewa kwenye kupokea simu, habari ikatoka na nchi nzima ikaanza kubishana, watu wakawa wanapiga simu makusudi tu waseme kia ora. Akarudishwa. Wakati huo mabibi walikuwa tayari wameanzisha kohanga reo, viota vya lugha, cha kwanza kilifunguliwa 1982, wanawalea watoto wadogo kwa Kimaori tupu, mabibi ambao wengine wao walichapwa shuleni kwa kukisema. Miaka mitatu tu baada ya ile salamu, 1987, Kimaori kikawa lugha rasmi ya nchi kwa sheria. Mimi ninayeandika barua hii kwa Kiswahili kwenye gazeti la Kiswahili siwezi kulipita hilo kama jambo dogo.

Takaparawhau ilirudi. Baraza la Waitangi lilitoa ripoti 1987 na mwaka uliofuata serikali ikakubali kuwarejeshea Ngati Whatua ardhi pamoja na fidia, miaka kumi tangu wale 222 wapakiwe kwenye magari ya polisi.

Na misitu ya serikali, ambayo mwandishi wenu ameiweka kwenye orodha ya mali zilizouzwa, hapo ndo naomba kabisa mrekebishe. Kwa sababu ya ile kesi, sheria ya mwaka 1989 iliiruhusu serikali kuuza miti tu, haki ya kuvuna. Ardhi iliyo chini ya miti haikuuzwa, na kodi ya pango waliyokuwa wanalipa wavunaji iliwekwa kwenye mfuko maalumu kusubiri mwenye ardhi ajulikane. Mwaka 2008 makabila ya katikati ya Kisiwa cha Kaskazini yakasaini makubaliano, wakarudishiwa hekta zipatazo 176,000, msitu wa Kaingaroa ukiwemo, pamoja na ile kodi iliyolimbikizwa miaka yote.

Wenu,
Msomaji wa siku nyingi